Kuzuia Bila Kuua: Bakteriostasi na Suala la Uovu Uliopewa Muhula

Katika elimu ya vijidudu, bakteriostasi ni hali ya bakteria kuzuiwa kukua na kuzaana pasipo kuuawa. Dawa, kemikali au mazingira yanayoleta hali hiyo husemwa kuwa ya kibakteriostatiki, ilhali yale yanayowaua bakteria husemwa kuwa ya kibakterisidi, na katika vitabu vya famasia makundi haya mawili hupangwa kama safu zinazotazamana: doksisaiklini, eritromaisini na dawa za salfa upande wa wazuiaji, penisilini, seftriaksoni na jentamaisini upande wa wauaji. Mpangilio huo ni mwepesi kukariri, na pengine ndiyo sababu umedumu, lakini nyuma yake kuna swali ambalo wanafalsafa na wanazuoni wa dini walilijadili karne nyingi kabla ya hadubini kubuniwa: je, kukizuia kitu chenye madhara bila kukiangamiza ni tendo kamili lenye thamani yake, au ni kushindwa kuua kulikovishwa joho la hekima?

Kabla ya kulijibu, yafaa ieleweke maabara hupima nini hasa. Mpimaji hutayarisha mirija yenye mchuzi wa lishe, hutia ndani yake viwango vya dawa vinavyozidiana mara mbili, kisha hupanda bakteria na kusubiri hadi siku ya pili. Mrija wenye dawa kidogo kuliko yote ambao mchuzi wake haukutibuka hutoa kile kinachoitwa kiwango cha chini cha uzuiaji. Mchuzi ulio mwangavu, hata hivyo, hausemi kama bakteria wamekufa au wametulia tu, kwa hiyo sehemu yake huhamishiwa kwenye lishe mpya isiyo na dawa, na hapo wale waliobaki hai huanza kukua tena. Kiwango kinachopunguza idadi yao kwa asilimia 99.9, yaani kinachomwacha hai mmoja tu katika kila elfu, ndicho kiwango cha chini cha uuaji. Na dawa ambayo kiwango chake cha kuua kinazidi kile cha kuzuia kwa zaidi ya mara nne huhesabiwa kuwa ya kibakteriostatiki. Nambari hizi ni makubaliano ya wataalamu, wala hakuna mpaka wa maumbile unaopita hapo: dawa iliyoua asilimia 98 ya bakteria kwa siku moja itaandikwa kuwa mzuiaji, ingawa imekwisha kuwamaliza karibu wote.

Zaidi ya hayo, sifa hiyo haikai ndani ya dawa peke yake. Kloramfenikoli, ambayo kwa miaka mingi ilikuwa miongoni mwa dawa za mwanzo za homa ya uti wa mgongo katika hospitali za Afrika Mashariki, huzuia bakteria wasitengeneze protini, na kwa bakteria wengi wa matumbo athari yake huishia kwenye kuzuia tu. Lakini dawa hiyohiyo huwaua Haemophilus influenzae, nimokoka na meningokoka, ambao ndio visababishi vikuu vya ugonjwa huo kwa watoto. Mwanamantiki angesema kwamba kuzuia ni uhusiano wa pande kadhaa, yaani dawa fulani, bakteria fulani, kiwango fulani na muda fulani, na kwamba anayeitaja dawa kuwa mzuiaji bila kutaja pande nyingine amesema nusu ya sentensi. Istilahi ya Kiswahili nayo haimsaidii msomaji hapa, kwa kuwa kiuavijasumu, jina linalotumika kwa dawa zote za aina hii, limekwisha kuamua jambo ambalo maabara bado inaliuliza.

Huko Dabaso, kando ya hori la Mida katika pwani ya Kenya, baina ya msitu wa Arabuko-Sokoke, magofu ya Gede na mji wa Watamu, tofauti ya kuzuia na kuua imekuwa ikitendwa kwa mikono tangu zamani za majahazi, bila kuhitaji istilahi. Samaki anayetolewa majini katika joto la pwani huanza kuharibika baada ya saa chache, na watu wa mwambao wamekuwa na njia mbili kuu za kumwokoa. Ya kwanza ni ya mama karanga, wanawake wanaonunua samaki kwa wavuvi na kuwakaanga kwa ajili ya kuwauza: mafuta yaliyochemka huwaua bakteria walio juu ya samaki na ndani yake. Ya pili ni ya kumpasua papa au taa, kumtia chumvi na kumwanika mpaka awe ng'onda, na katika njia hii bakteria wengi hawauawi kwa haraka. Chumvi huyavuta maji kutoka katika seli zao na kuyafunga yale yaliyomo katika nyama, hata maji yakawapo lakini yasitumike. Bakteria wa kawaida wa uozo hushindwa kukua chumvi ikifikia takriban asilimia 10, ilhali stafilokoka huvumilia kiasi kikubwa zaidi cha hapo.

Ukiwalinganisha samaki hawa wawili baada ya siku mbili, hukumu ya haraka hupinduka. Yule aliyekaangwa, ambaye bakteria wake waliuawa, huwa amekwisha kuharibika, kwa sababu moto ulifanya kazi yake ukaondoka, na kila kijidudu kilicholetwa baadaye na mkono, inzi au sinia kilikuta nyumba tupu isiyo na mlinzi. Ng'onda, ambaye hakuna aliyejaribu kuua chochote ndani yake, bado analika, na ataendelea kulika kwa majuma mengi maadamu hajalowa. Kuua ni tukio: lina mwanzo na mwisho, na likiisha halina tena la kusema juu ya yanayofuata. Kuzuia ni hali, nayo hudumu kadiri kinachoileta kinavyodumu. Ndiyo maana ni kosa kulipima tendo la kuzuia kwa kipimo cha tukio, yaani kuuliza ni wangapi wamekufa kufikia kesho asubuhi, kisha kulitangaza kuwa dhaifu. Hali huulizwa itadumishwa na nani, na kwa gharama gani.

Falsafa ya kale ina lugha inayofaa hapa. Aristotle, na baada yake Ibn Sina, walitenganisha kuwapo kwa kitu katika uwezo na kuwapo kwake katika tendo: mbegu ni mti katika uwezo, na itakuwa mti katika tendo iwapo vizuizi vitaondoka na masharti yatatimia. Bakteria aliye ndani ya nyama ya chumvi ni uozo katika uwezo. Anayeua huondoa uwezo wenyewe, na anayezuia huuacha uwezo lakini huukata njia ya kwenda kwenye tendo. Kwa mtazamo huu, kuzuia si kuua kwa kiasi kidogo, kama vile uvuguvugu ulivyo joto kidogo. Ni kitendo kinacholenga mahali pengine, na kinaweza kukamilika mahali hapo hata kama kilichozuiwa hakikupungua hata kimoja.

Hata hivyo, katika mwili wa mgonjwa jambo haliishii hapo, kwa kuwa mgonjwa hawezi kuishi ndani ya chumvi. Dawa ya kibakteriostatiki huwasimamisha bakteria, na kazi ya kuwaondoa hubaki kwa kinga ya mwili: seli nyeupe za damu huwameza waliosimamishwa, ambao kama wangeendelea kuzaana wangezizidi nguvu. Katika mwili wenye kinga timamu ushirika huu hufanya kazi vizuri kuliko wengi wanavyodhani. Mapitio yaliyochapishwa mwaka 2018 yalikusanya majaribio 56 yaliyolinganisha dawa zinazozuia na zile zinazoua, na katika majaribio 49 kati ya hayo hakukuonekana tofauti ya maana kwa wagonjwa. Kipindupindu, ambacho pwani ya Kenya inakijua vyema, hutibiwa kwa maji na chumvichumvi kwanza, na inapohitajika antibiotiki mara nyingi ni doksisaiklini, ambayo ni mzuiaji, wala hakuna anayelalamika kwamba haikuua vya kutosha.

Lakini ushirika una pande mbili, na upande wa pili waweza kuwa dhaifu. Kati ya mwaka 2009 na 2013, watafiti wenye makao yao katika kituo cha utafiti cha Kilifi cha KEMRI na Wellcome Trust walifuatilia watoto 1,778 waliolazwa kwa utapiamlo mkali katika hospitali nne, mbili za vijijini huko Kilifi na Malindi na mbili za mjini huko Mombasa na Nairobi. Nusu ya watoto walipewa kila siku kotrimoksazoli, ambayo wengi huiita Septrin, na nusu walipewa dawa bandia, ili ijulikane kama kinga ya kila siku ingepunguza vifo baada ya watoto kutulia. Kotrimoksazoli ni muungano wa dawa mbili ambazo kila moja kwa kawaida huzuia tu, zikikata katika hatua mbili zinazofuatana njia ambayo bakteria hutumia kujitengenezea foleti. Matokeo, yaliyochapishwa mwaka 2016, yalionyesha kwamba vifo vilikaribiana: asilimia 14 kwa waliopewa dawa na asilimia 15 kwa wasiopewa. Itakuwa ni haraka kudai kwamba sababu ni moja, maana usugu wa bakteria kwa dawa hiyo ni mkubwa, na mtoto mwenye utapiamlo hufa kwa njia nyingi. Lakini kwa swali la makala haya inatosha kutambua kwamba nidhamu iliyowekwa juu ya adui haikuziba pengo lililokuwa ndani ya mwili wa mtoto mwenyewe.

Mfano ulio wazi zaidi, na wenye uzito wa kidini, ni wa asali. Wafugaji wa nyuki wanaopakana na msitu wa Arabuko-Sokoke huuza asali ambayo, kama asali yote, ni mzuiaji hodari: sukari yake nyingi hufunga maji, ina asidi, na huzalisha kidogo kidogo hidrojeni peroksaidi, kemikali inayodhuru vijidudu. Pamoja na hayo, yaweza kubeba mbegu za Clostridium botulinum, ambazo hulala ndani yake bila kuota na bila kufa. Mtu mzima akizila hazimdhuru, kwa sababu matumbo yake yamejaa bakteria wengine wanaozinyima nafasi. Mtoto ambaye hajatimiza mwaka mmoja bado hana jamii hiyo ya wenyeji, na ndani yake mbegu zaweza kuota na kutoa sumu inayolegeza misuli hadi ile ya kupumulia. Kwa Waislamu wa mwambao, ambao wengi hufuata madhehebu ya Shafi, jambo hili linagusa tahniki, sunna ya kumpaka mtoto mchanga kitu kitamu kwenye kaakaa. Asili ya sunna hiyo ni tende, na wanazuoni walitaja asali kama mbadala pale tende inapokosekana. Kwa hiyo anayeshauri kwamba asali iachwe mpaka mtoto atimize mwaka hagusi sunna yenyewe, bali anaufunga mlango mmoja wa pembeni, akiwa na kanuni ya fiqhi inayotaka madhara yaondolewe. Yafaa pia kusemwa kwa kupita kwamba najisi ya fiqhi si bakteria wa maabara, na wale wanaotafuta hadubini ndani ya kila hukumu ya tohara huidhulumu dini na sayansi kwa mkupuo mmoja: asali yenye mbegu hizo ni tohara kabisa, na bado si ya kupewa kichanga.

Kutoka hapa swali linaingia katika maadili. Seneca, mwanafalsafa wa Kistoa aliyefariki mwaka 65, aliandika juu ya hasira akiwapinga waliotaka ipunguzwe tu. Kwake yeye ni rahisi kuyafungia nje mambo mabaya kuliko kuyatawala yakishaingia, na hasira iliyoruhusiwa kidogo imekwisha kupata kiti cha enzi. Huo ni msimamo wa kibakterisidi. Imamu Ghazali, aliyefariki mwaka 1111, alichukua njia nyingine katika kitabu cha Ihya, kwenye sehemu inayohusu kuirudi nafsi. Aliwakosoa waliodhani kwamba lengo la jitihada ni kuzing'oa hasira na matamanio, akaeleza kwamba viliumbwa kwa manufaa: asiye na hamu ya chakula hufa, na asiye na hasira hawezi kumkinga aliye chini ya ulinzi wake. Alielekeza pia kwenye aya ya 134 ya Sura Aal Imran, ambamo wanaosifiwa ni wanaoizuia ghadhabu yao, akabainisha kwamba hawakusifiwa wasio nayo. Sifa inamwendea mtu ambaye ndani yake mna kitu cha kuzuiwa, na hilo linamaanisha kwamba, kwa Ghazali, kuua kabisa kungeondoa si uovu tu bali hata nafasi ya wema wenyewe.

Hoja hii ina nguvu, lakini msomaji makini atamwona Seneca akinyanyua kidole, na elimu ya vijidudu ina ushahidi wa kumpa. Mwaka 1944 Joseph Bigger, mtaalamu wa bakteria wa Dublin, alionyesha kwamba penisilini haikuweza kulimaliza kundi la stafilokoka: wachache sana walibaki hai, si kwa kuwa sugu, bali kwa kuwa katika hali ya kutokua, na penisilini huwaua wale wanaojijenga tu. Miaka michache baadaye, mwaka 1951, madaktari wawili wa Marekani, Lepper na Dowling, waliripoti kwamba wagonjwa wa homa ya uti wa mgongo iliyoletwa na nimokoka waliopewa penisilini pamoja na dawa ya jamii ya tetrasaiklini walikufa kwa wingi kuliko waliopewa penisilini peke yake. Mzuiaji alikuwa amewatuliza bakteria, na utulivu huo ukawa ngao yao dhidi ya muuaji. Kwa hiyo kuzuia si jambo jema kila mahali. Kuna kuzuia kunakomhifadhi aliyezuiwa.

Je, Ghazali anajibu nini? Jibu lake halimo katika kuzuia kwenyewe bali katika kile kinachotokea wakati wa kuzuia. Kwake, tendo linalorudiwa kwa kujilazimisha huota mizizi hadi likawa tabia isiyohitaji kulazimishwa, na muda ambao hasira imeshikiliwa ni muda ambao akili inakua. Muhula, kwa maneno mengine, si mapumziko ya adui pekee. Ni nafasi ya mwenyeji wake kupata nguvu. Hapo ndipo mafundisho ya dini juu ya uovu mkubwa zaidi yanapopata maana. Katika Qurani, Iblisi anapoomba apewe muda hadi siku ya kufufuliwa viumbe, anakubaliwa, ingawa Mwenyezi Mungu angeweza kumwangamiza palepale, naye anaelezwa kuwa hana mamlaka juu ya waja walio wanyofu. Katika Injili ya Mathayo, sura ya 13, mwenye shamba anawazuia watumwa wasiyang'oe magugu kabla ya mavuno, kwa kuhofia wataing'oa na ngano. Sababu ni mbili tofauti: hadithi ya Injili inaogopa hasara ya kuua mapema, kama daktari anayeogopa kuwaua bakteria wema wa matumbo pamoja na wabaya, ilhali simulizi la Iblisi linaelekeza macho kwa mwanadamu, kwamba uovu uliowekewa mipaka ni mtihani ambao matokeo yake yanategemea unyofu wa anayetahiniwa.

Swali gumu la kiteolojia, la kwa nini Mungu mwenye uwezo wote hakuuondoa uovu, mara nyingi huulizwa kana kwamba majibu ni mawili tu, ama ameshindwa kuua ama hataki. Bakteriostasi inaonyesha kwamba kuna tendo la tatu lenye umbo lake kamili, ambalo mafanikio yake hayahesabiwi kwa maiti. Lakini haiwezi kuonyesha zaidi ya hapo, na mtetezi wa dini anayeitumia kama ushahidi kwamba muhula wa Iblisi ni wa haki amevuka mpaka. Watoto wa hospitali za Kilifi na Malindi hawakuchagua kuwa wenyeji dhaifu. Ikiwa kuzuia ni ushirika, haki yake inategemea kama mshirika alipewa uwezo wa kutimiza sehemu yake, na hilo ni swali ambalo Wamutazila na Waashari, makundi mawili ya wanateolojia wa Kiislamu, walikwisha kugombania chini ya jina la taklifu, yaani kama inajuzu mja kukalifishwa jambo asiloliweza. Waashari walisema yajuzu kwa Mungu, kwa kuwa hakuna sheria juu Yake; Wamutazila walikataa.

Kuna pia tofauti ambayo mfano wa maabara hauwezi kuivuka. Bakteria aliyezuiwa hajui kwamba amezuiwa, na akirudishwa kwenye lishe isiyo na dawa huendelea pale alipoachia; kizazi kikizidi kuzuiwa kwa kiwango hafifu, kinachobadilika ni kwamba wale wenye usugu huwazidi wenzao, yaani kizuizi kinawachagua walio hodari wa kukikwepa. Nafsi inayozuiwa, kwa mujibu wa Ghazali, inajua, kwa hiyo ina njia mbili: yaweza kuzoea wema, au yaweza kujifunza kukwepa, ambako ndiko wanazuoni walikokuita ria, yaani kujionyesha, na unafiki. Kwa nje mrija wa mchuzi mwangavu huonekana vilevile katika hali zote mbili, na ndiyo maana maabara haiamini mwangaza wa mchuzi mpaka imewahamisha bakteria kwenye lishe mpya, mahali ambapo hakuna kinachowazuia, na kungoja hadi kesho yake.